Moto wa Septemba unaunguza viota: tuchome miombo mapema au tusiichome kabisa

Ndugu Mhariri,

Tunaomba nafasi katika safu yako ya barua tuseme juu ya jambo ambalo magazeti yetu, lako likiwamo, hulipa uzito kila mwaka lakini kwa kuchelewa. Ikifika Septemba na Oktoba, kurasa hujaa picha za misitu ikiwaka na hesabu za hekta zilizoteketea. Habari hizo zinaumiza na zinastahili kuandikwa. Ila mwezi huo hakuna tena ushauri wa maana wa kumpa mwanakijiji. Nyasi zimekauka kama karatasi, upepo umekwisha kuchachamaa, na moto ukishashika hakuna wa kuuzuia. Ushauri wa moto una mwezi wake, nao ni Mei.

Wengi husikia habari za moto wa miombo na kuwaza mbao, mkaa na mizinga ya nyuki. Sisi tunaomba msomaji awaze pia ndege mmoja mdogo, mwenye uzito wa gramu kumi na moja hivi na urefu wa sentimita kumi na mbili kutoka ncha ya mdomo hadi mwisho wa mkia. Kalenda ya maisha yake inaonyesha, kuliko kitu kingine tunachokijua, kwa nini moto wa Juni na moto wa Septemba ni vitu viwili tofauti. Wataalamu humwita batisi. Vijijini wengi humwita kindege tu, kwa sababu humsikia kila siku bila kumwona.

Mlio wake ni miluzi mitatu safi, mirefu, kila mmoja ukiwa chini kidogo ya uliotangulia, kama mtu anayeshuka ngazi tatu na kusimama. Dume ndiye hupiga miluzi hiyo, na jike humjibu kwa sauti ya kukwaruza. Ukisimama kimya chini ya mtundu au mninga baada ya kusikia miluzi hiyo, usitafute kitu kinachorukaruka. Tafuta kitu kilichotulia. Batisi hukaa wima kwenye kijiti, kichwa akikigeuza taratibu huku na huku, akikagua upande wa chini wa majani. Akiona kiwavi au buibui hujirusha, humnyakua jani likiwa bado linatikisika, na kurudi kwenye kijiti kingine. Akipita karibu nawe utasikia mabawa yakivuma na mdomo ukialika kama mtu anayevunja kijiti kikavu.

Dume ana utosi wa kijivu, barakoa nyeusi inayopita machoni, koo jeupe, na mkanda mpana mweusi kifuani. Jike ana mkanda wa rangi ya kutu badala ya ule mweusi, pamoja na doa la rangi hiyo hiyo chini ya kidevu, limekatwa vizuri kama limepigwa mhuri. Wote wawili wana jicho la manjano linalong'aa na mstari mweupe bawani. Ukielekea Pwani, Lindi na Mtwara utakutana na ndugu yake wa karibu, batisi mpauko, ambaye jike wake ana doa lililofifia na kingo zake zimetawanyika. Anayeandika kumbukumbu za ndege asichanganye hao wawili. Zamani vitabu viliwaweka batisi pamoja na ndege wanaokamata nzi hewani, lakini sasa wana familia yao wenyewe pamoja na wale wenye ngozi ya rangi juu ya jicho, na jamaa zao wa karibu zaidi ni tiva na wenzake wa vichakani.

Sasa tuje kwenye kiota, maana hapo ndipo penye shauri lote.

Kiota cha batisi ni kidogo kiasi cha kikombe cha kahawa chungu. Hujengwa kwa nyuzi laini za mimea zilizofungwa kwa utando wa buibui, juu ya tawi lililolala au kwenye panda ya matawi, mara nyingi kuanzia kimo cha mtu hadi mita tano au sita, na wakati mwingine juu zaidi. Nje hubandikwa vipande vya ule ukoga mkavu wa kijivu unaoganda kwenye magome ya miti ya miombo. Vipande hivyo hupangwa kimoja kimoja mpaka kiota kionekane kama kifundo cha tawi. Mtu anaweza kusimama hatua mbili na asikione. Tumbili na nyoka wa mitini pia hupita bila kukiona, na huo ndio ulinzi pekee alionao ndege huyu. Hana makucha ya kupigana wala shimo la kujifichia.

Ndani huwekwa mayai mawili kwa kawaida, mara chache moja au hadi manne. Ni meupe yenye ukijani au ubuluu hafifu, na madoadoa ya kahawia yaliyojikusanya upande mnene. Jike huatamia kwa siku 16 hadi 18, na dume humletea chakula hapo hapo kiotani. Makinda wakianguliwa hukaa kiotani siku nyingine 16 hadi 18. Ukijumlisha siku za kujenga na za kutaga unapata wiki sita hivi ambazo familia nzima imefungwa kwenye tawi moja. Na hata wakiruka, makinda huendelea kulishwa na wazazi kwa wiki kadhaa, kwa hiyo wiki sita ni mwanzo tu wa malezi.

Batisi hachagui wiki hizo kwa bahati. Katika mikoa yenye msimu mmoja wa mvua, kuanzia Tabora na Katavi hadi Iringa na Ruvuma, miti ya miombo ina tabia ya ajabu: huchipua kabla ya mvua. Kiangazi kikiwa kimefika ukingoni, ardhi ikiwa imekauka kabisa, mtundu na myombo hutoa majani mapya mekundu kama shaba. Majani hayo machanga ni laini, na viwavi huyavamia kabla hayajakomaa na kuwa magumu. Hiyo ndiyo karamu batisi anayoingoja mwaka mzima. Ndiyo maana hutaga kuanzia Agosti na kuendelea hadi Desemba, shughuli ikipamba moto Septemba hadi Novemba. Ni miezi ile ile ambayo mtu anawasha porini ili ng'ombe wapate majani mabichi, ili kuwafukuza wanyama, ili kusafisha shamba, au kwa sababu tu njiti ilikuwa mkononi.

Moto wa wakati huo hufanya mambo matatu kwa pamoja. La kwanza linaonekana: mwali unaopanda nyasi ndefu kuliko mtu hufika kwenye matawi ya chini na kuunguza kiota na vilivyomo. La pili halionekani kwa anayepita barabarani. Hata pale mwali usipofika, joto hupanda mbali juu ya ncha yake na kubabua yale majani mapya mekundu. Mti haufi, utachipua tena, lakini viwavi wamekwisha. Batisi aliyenusurika na kiota kizima anabaki na makinda asiowapatia chakula. La tatu ni la polepole. Ule ukoga wa magome, anaoutumia kuficha kiota, huungua kwenye mashina na matawi ya chini, na huchukua miaka mingi kurudi. Penye moto mkali wa kila mwaka utaona mashina meusi, yaliyo safi kama yamepakwa lami. Batisi akijenga hapo, kiota chake hujitokeza wazi.

Jozi ya batisi iliyopoteza kiota inaweza kujenga kingine. Lakini ukifanya hesabu ya siku, aliyeunguliwa katikati ya Oktoba na kuanza upya mwishoni mwa mwezi atakuwa na makinda wakati majani yamekwisha kukomaa na mvua kubwa zinapiga. Nafasi ipo, lakini ni finyu. Batisi hahami, hukaa eneo lake mwaka mzima pamoja na mwenzi wake, kwa hiyo hawezi kwenda kutafuta msitu mwingine ambao haujaungua.

Kuna atakayesema basi tupige marufuku moto wote. Tunamwelewa, na pale penye walinzi wa kutosha, barabara za moto zilizofyekwa na wanakijiji waliokubaliana, kutochoma ni jambo zuri. Lakini msitu wa kijiji usiochomwa miaka mitatu au minne hujaza nyasi na majani makavu. Moto wa bahati mbaya ukiingia humo Oktoba, huwa mkali kuliko wote. Jambo hili lilipimwa zamani. Huko Ndola, katika nchi ambayo sasa ni Zambia, majaribio ya uchomaji kwenye miombo yalianzishwa mwaka 1933. Vipande vilivyochomwa kila mwaka mwishoni mwa kiangazi vilipoteza miti yake mpaka vikawa nyika ya nyasi. Vilivyochomwa mapema viliendelea kuwa msitu wa miombo. Vilivyolindwa kabisa vilisongamana na kuanza kuingiza miti ya msitu mnene. Kwa hiyo kijiji kisichoweza kulinda kabisa kichome mapema. Hakuna njia ya tatu iliyo salama.

Tanzania ina hekta milioni 48.1 za misitu kwa hesabu ya tathmini ya taifa iliyotolewa mwaka 2015, na sehemu kubwa zaidi ni miombo. Eneo hilo haliwezi kulindwa na askari wa misitu peke yao. Kazi iko kwa kamati za maliasili za vijiji, na kwao tunaandika yafuatayo kwa kirefu.

Mapema maana yake ni lini? Ni kuanzia pale mvua zinapokatika na nyasi kuanza kugeuka rangi, hadi mwisho wa Julai, na si siku moja zaidi. Kwa sehemu nyingi ni Mei na Juni. Msitegemee tarehe peke yake, maana mvua hubadilika. Shika konzi ya nyasi kwenye kimo cha goti, uikunje. Ikipinda yote bila kukatika, unyevu bado upo na moto hautatembea. Ikikatika yote kwa mlio, mmechelewa, acheni. Ikikatika baadhi na nyingine ikapinda, siku imefika.

Msichome msitu wote. Ugaweni vipande vitatu au zaidi kwa kufuata mipaka iliyopo: njia, kijito, mbuga yenye unyevu, ukingo wa mashamba. Mwaka huu kipande kimoja, mwakani kingine, ili kila wakati kuwe na mahali ambapo wadudu na ndege wamebaki. Kando ya mito na vyanzo vya maji, ambako Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60, msiwashe kabisa. Wala msiwashe kwenye machipukizi ya miti iliyokatwa ambayo hayajapita kimo cha mtu. Moto mdogo usiomdhuru mti mkubwa huua chipukizi hadi kwenye kisiki.

Zungusheni kipande kwa barabara ya moto ya mita nne hadi tano, iliyolimwa kwa jembe hadi udongo uonekane. Wengi hukosea hapa. Wanafyeka nyasi na kuziacha zimelala pale pale, na nyasi zilizolala huwaka kama utambi. Nyasi zilizofyekwa zirushwe upande utakaochomwa, na majani yakokotwe kwa reki.

Washeni kuanzia saa 10 jioni. Joto linapungua, upepo unatulia, na umande wa usiku utamalizia kazi. Chagueni siku ya upepo mwanana unaotikisa majani tu. Anzeni upande ambao upepo unaelekea, ili moto utembee ukirudi dhidi ya upepo, taratibu na kwa mwali wa chini. Mwali ukipita kiuno cha mtu, simamisheni na muufute. Kwa mstari wa mita 200 tunapendekeza watu wasiopungua wanane: wawili wa kuwasha, wengine wenye matawi mabichi na mabomba ya maji ya mgongoni. Mmoja asiwe na kazi nyingine ila kuangalia cheche zinazoruka barabara ya moto. Kibali kichukuliwe kwanza, kama Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 inavyotaka, na vijiji jirani viambiwe siku na saa.

Moto mzuri wa mapema huacha msitu wenye mabaka. Hapa pameungua, pale hapakuungua, chini ya vichuguu pamebaki kijani. Wasimamizi wengine wakiona mabaka hayo hudhani kazi haikukamilika na kurudi kuwasha tena mwezi wa nane. Tunawasihi waache. Mabaka hayo ndiyo makimbilio ya wadudu watakaojaza msitu baadaye, na kurudia Agosti ni kuwasha moto ule ule tuliotaka kuukwepa.

Makosa mengine mawili hutokea baada ya moto, watu wakishakwenda nyumbani. Gogo lililokauka huendelea kufuka ndani kwa ndani usiku kucha, na kesho yake saa 6 mchana upepo unapoamka hutoa cheche. Kwa hiyo zungukeni tena siku inayofuata kuanzia saa 5 hadi saa 9 alasiri, na kila gogo linalofuka lifukiwe kwa udongo, si kumwagiwa ndoo moja ya maji na kuachwa. La pili ni la majani. Miombo hupukutisha majani yake baada ya uchomaji wa mapema, kuanzia Juni hadi Agosti. Kipande mlichochoma Mei kinaweza kufunikwa tena na tabaka la majani makavu linalotosha kupitisha moto Septemba. Watu hushangaa: si tulichoma? Dawa yake ni kuzirudia barabara za moto kwa reki katikati ya Agosti. Ni kazi ya siku moja au mbili, na ndiyo inayosahauliwa kuliko zote.

Tuseme kweli pia kwamba uchomaji wa mapema una gharama zake. Kwale na ndege wengine wa chini huweza kuwa bado na mayai au vifaranga kwenye nyasi mvua zinapoisha. Hii ni sababu nyingine ya kuchoma kipande kimoja tu kwa mwaka, na ya kutembea ndani ya kipande kabla ya kuwasha, watu wakiwa mstari mmoja na kupiga makofi, ili walioko watoke.

Juu ya mkaa tutasema kwa ufupi, maana unaandikwa sana. Batisi anahitaji miti mikubwa iliyo karibu karibu, na hutumia muda mwingi wa kiangazi akitembea msituni katika makundi ya mseto pamoja na mramba na ndege wengine wadogo, kila mmoja akila sehemu yake ya mti. Kundi kama hilo halipiti kwa urahisi uwanda uliokatwa wote. Kilosa wamekuwa na utaratibu, ulioanza na mradi wa mwaka 2012, wa kukata mkaa katika vipande vya mita 50 kwa 50 vilivyopangwa kama ubao wa drafti, na kila kipande kupumzishwa miaka 24. Huo ni utaratibu tunaouunga mkono. Visiki vya miombo huchipua vyenyewe, na vipande vya kati vinabaki na miti. Tungeongeza jambo moja tu: tanuri lisijengwe wala kuwashwa kati ya Septemba na Novemba kwenye ukingo wa kipande chenye nyasi ndefu. Tanuri la udongo likipasuka usiku na mlinzi amelala, moto hautauliza kama ni wa mkaa au wa kusafisha shamba. Na atakayepanda mikaratusi mahali pa miombo aliyoikata asiseme amerudisha msitu. Amepanda shamba la miti, na viwavi wa mtundu hawali majani ya mkaratusi.

Wakulima wanaopakana na msitu nao wana sehemu yao. Tangu kiwavijeshi vamizi alipoingia nchini mwaka 2017, dawa za kuua wadudu zimepulizwa kwa wingi kwenye mahindi. Upepo unapovuma kuelekea msituni dawa hiyo huangukia majani ya ukingoni, na batisi hula buibui na viwavi walio pale. Pulizeni jioni hewa ikiwa tuli, pua ya bomba ielekezwe ndani ya moyo wa mhindi ambako kiwavijeshi anakaa, na mistari ya mwisho karibu na msitu ikaguliwe kwa mkono.

Kamati itajuaje kama juhudi zake zinafaa? Hapa batisi anakuwa msaidizi mkubwa, kwa sababu hahami, mlio wake haufanani na wa mwingine, na hauhitaji darubini. Chagueni njia moja inayopita kipande kilichochomwa mapema, kisichochomwa, na kilichoungua vibaya mwaka uliopita. Kila mita 200 wekeni alama kwenye mti kwa rangi, si kwa panga. Kuanzia Agosti hadi Oktoba, mara moja kila baada ya wiki mbili, mtu yule yule atembee njia hiyo kati ya saa 12:30 na saa 3 asubuhi. Kwenye kila alama asimame kimya dakika mbili ili ndege wamsahau, kisha asikilize dakika tano. Aandike batisi wangapi wamelia, upande gani, na kama ni mbali au karibu, kwa kadirio la ndani au nje ya mita 50. Jozi inayolia kati ya alama mbili ihesabiwe mara moja. Siku ya upepo isihesabiwe kabisa, maana miluzi humezwa na majani. Baada ya miaka mitatu daftari la kurasa kumi litawaeleza mengi kuliko ripoti nzima.

Tunakataza jambo moja kwa nguvu, kwa sababu limeanza kuenea. Watu hupiga mlio wa batisi kwenye simu ili ndege asogee apigwe picha. Dume anadhani kuna mvamizi, anaacha kumlisha jike, na jike hutoka kwenye mayai kuja kusaidia. Mayai hupoa, na kekeo mdogo wa kijani, yule wa Klaas, ambaye hutaga kwenye viota vya batisi, anapata mwanya. Kinda wa kekeo akianguliwa huwasukuma nje mayai au makinda wa mwenye nyumba. Vilevile anayegundua kiota asikisogelee, asikate matawi ili aone vizuri, wala asiwaonyeshe watoto wenye manati. Aandike mahali kilipo na aondoke kwa njia aliyojia.

Kuhusu sheria ndogo za vijiji: nyingi tulizozisoma zinasema tu ni marufuku kuchoma moto ovyo. Neno ovyo halimsaidii mgambo wala mwenyekiti. Tunapendekeza iandikwe wazi kwamba hakuna moto wa porini wa aina yoyote kati ya tarehe 1 Agosti na siku mvua zitakapoanza kwa uhakika, na kwamba uchomaji wa kabla ya hapo hufanywa na kamati peke yake, kwa kibali na kwa ramani ya vipande. Wafugaji waketi kwenye kikao hicho tangu mwanzo, kwa sababu wao ndio wenye haja ya majani mabichi. Kipande kilichochomwa Juni huwapa majani hayo mapema na bila ugomvi. Sheria ndogo hupitia kwa halmashauri ya wilaya kabla ya kutumika, kwa hiyo kijiji kinachotaka kuwa tayari Mei ijayo kianze kikao Novemba hii.

Ombi letu kwako, ndugu Mhariri, ni dogo. Wiki ya kwanza ya Mei tutengee robo ukurasa, mahali ambapo Oktoba huwekwa picha ya moto, tuweke kipimo cha nyasi, saa ya kuwasha na tarehe ya mwisho. Tuko tayari kuandaa maelezo hayo kwa kila mkoa peke yake, kwa kuwa mvua za Ruvuma haziishi siku moja na za Tabora, na nyasi za Katavi huwahi kukauka kuliko za milimani Iringa.

Ni sisi,
Watazamaji wa ndege na walinzi wa misitu ya miombo